Jiko la Machweo

Zuhura binti yangu,

Salamu sina, maana tumeamkiana asubuhi, mchana tumekula sahani moja, na sasa hivi nakusikia unacheka huko kwa jirani yetu Mama Tumaini ulikokwenda kuaga. Ya blanketi, ya sabuni, ya kuanua nguo kabla jua halijachoka, hayo nimekwambia mpaka ukanijibu, "Mama, nakwenda Iringa, siendi mwezini." Basi siyarudii. Ninachotaka kukwambia kiko ndani ya begi lako, chini kabisa, chini ya vitabu, mahali ulipodhani sitafika. Nimefika. Katika nyumba hii halijawahi kufungwa begi ambalo mkono wangu haujagusa chini yake.

Nimeliona shuka.

Lakini kabla ya shuka, nikwambie jambo moja waziwazi, lisije likajificha katikati ya maneno mazuri. Nina wivu. Si ule wivu wa kusema "mh!" na kubetua mdomo. Huu umenikaa hapa kooni kama mwiba wa samaki, nikimeza mate unachoma. Kesho saa hizi utakuwa kwa Bi Mdogo, mke wa pili wa marehemu baba yako. Utakula alichopika, utalala alipotandika, na miaka yako yote ya chuo itapita hivyo. Mimi nitabaki hapa Ilomba, Mbeya, naangalia simu kama muuza vocha.

Sasa tuanze na Mbalali, ile nchi yako ya kubuni, maana ugomvi wetu wote umezaliwa huko.

Hao wanaosoma hadithi zako kwenye simu wanadhani Mbalali ni jina umeliokota hewani. Juzi nilikuwa saluni, vijana wawili wanabishana, mmoja anasema ni Kiarabu, mwenzake anasema ni jina la jini. Mmoja amejichora kundi lako la nyota mkononi, hapa kwenye kifundo. Nilikaa na rola zangu kichwani. Moyoni nasema, nyie watoto, mmekuja jana. Mimi nilikuwepo.

Ulikuwa na miaka minne hivi. Baba yako alikuwa mtu wa mchele: ananunua mpunga Rujewa, anaukoboa mashineni hukohuko, anauza huku Mbeya na kule Iringa. Ukiuliza baba yuko wapi, nakwambia yuko Mbarali, kwa kuwa Rujewa ni Mbarali. Lakini wewe ulilelewa nusu na Mama Tumaini, na ulimi wa Mama Tumaini ni wa Kinyakyusa, R hauijui. Kwake Rujewa ni Lujewa, na Mbarali ni Mbalali. Ukalichukua hivyohivyo. Siku moja ukatukalisha kitako mimi na baba yako, ukalikata neno katikati kama andazi, ukatufafanulia: "Mbali. Lali. Ni mbali, baba analala."

Baba yako alicheka mpaka akashika ukuta. Na mimi nikacheka. Sikujua nacheka nini.

Maana Mbarali hakuwa akilala. Alikuwa akilala Iringa.

Nilijua siku aliyokuja na doti tatu za khanga na seti nzima ya vyombo, na si Idi, wala si arusi ya mtu. Mwanangu, mume akileta zawadi isiyo na sikukuu, usiulize bei. Nikamuuliza, "Baba Zuhura, anaitwa nani?" Hakuniuliza "nani?" Akataja jina. Kisha akaongeza, maskini, akidhani ananituliza: "Ni Mhehe wa palepale, fundi cherehani, hana makuu. Utampenda."

Utampenda! Kama vile ameniletea mbuzi wa maziwa.

Dini ilimruhusu, na mimi na dini hatukubishana. Nilibishana na masufuria. Mwezi mzima sufuria za nyumba hii zilitua kwa kishindo, Mama Tumaini akawa anachungulia ukutani: "Mama Zuhula, kuna usalama?" Baba yako akapanga zamu, wiki huku, wiki kule, na hakuwahi kupunja upande wowote hata nusu siku. Akinunua kilo mbili za nyama huku, mbili kule. Uadilifu wake ndio ulionimaliza. Mume dhalimu utamlaani, utalala. Mwadilifu utamlaani kwa lipi?

Wewe ndiye uliyepata pa kuliweka jambo lile. Uliliweka juu.

Alikuchukua siku moja kwenda naye mashineni Rujewa. Ulirudi kichwa kimejaa pumba, nimekuosha maji mawili bado zinatoka, huku unasema bila kupumua. Ulisema bati la kule lina tundu, jua linaingia kama fimbo, na ndani ya ile fimbo vumbi la mpunga linatembea. Ukasema anga la Mbalali ndivyo lilivyo. Jua lao ni dhaifu, jua la kipupwe, kwa hiyo nyota zinaonekana mchana watu wakiwa shambani. Na nyota za Mbalali si moto, ni punje. Anga zima ni ungo mmoja mkubwa, unapepetwa bila kupumzika. Punje nzima ni nzito, hazitoki mahali pake. Pumba zinapeperuka zote, ndizo nyota zinazoanguka. Ila iko punje moja iliyovunjika. Uzito wa kukaa haina, wepesi wa kupotea haina. Inasukumwa na upepo upande mmoja, inarudishwa upande wa pili. Hiyo ukaiita Chenga.

Na kundi lenyewe ukaliita Zamu.

Nilikuwa napembua mchele uliponichorea mara ya kwanza, kwa punje, palepale kwenye ungo wangu. Nyumba mbili, kila moja nyota nne: Mlango, Mtungi, Kitanda na Jiko, Jiko likiwa kubwa katikati. Nyumba moja ukaiweka jua linakotoka, ukaiita Macheo. Ya pili ukaiweka linakozama, ukaiita Machweo. Katikati Chenga, inakwenda inarudi. Nikakuuliza sisi ni ipi. Ukasema, "Machweo, mama. Iringa iko huko jua linakotokea."

Mtoto wa miaka sita hana hila, najua. Lakini roho iliniuma, Zuhura. Yeye macheo, mimi machweo! Herufi moja tu inatutenga, na yeye kapata asubuhi. Nikakwambia, kwa sauti ya utani, "Basi na hicho Kitanda kitoe, watu wa Mbalali walale chini." Ukakataa. Ukasema Kitanda kikitoka nyumba inaanguka.

Ukakua, na Zamu ikakua nawe. Watu wa Mbalali wakapata mila zao. Chenga ikiwa Macheo wanasia mbegu, ikiwa Machweo wanavuna. Ikiwa njiani hawaozi binti wala hawaanzi safari. Na nyumba ambayo Chenga imeondoka, watu wake hawakomei mlango. Wanaurudishia tu, usiku na mchana, mpaka irudi. Nilikuuliza, wezi je? Ukanitazama kwa huruma, ukasema Mbalali wezi wapo, ila wanaheshimu.

Kisha ukafika kidato cha tatu, ukaanza fizikia, ukaja na hesabu. Hiyo siku nakumbuka ulikuwa unakula mhindi wa kuchoma na kuchora kwa mkaa kwenye sakafu yangu niliyotoka kuipiga deki. Ukasema umegundua kwa nini Chenga haipotei. Machweo inaivuta, Macheo inaivuta, na kwa kuwa inavutwa na wawili ndiyo maana inabaki angani. "Jiko la nyumba moja likizima, mama, Chenga haihamii kwenye ile iliyobaki. Itaipita kwa kasi, itakwenda na pumba."

Nikasema, "Mh. Wangejaribu kwanza ndiyo wajue."

Ukacheka. Mimi sikuwa nacheka.

Unajua nilivyokuwa ukirudi kutoka Iringa, baba yako alikokupeleka likizo. Viatu hujavua, nimeshakuweka kikao. Alipika nini? Kavaa khanga gani, imeandikwaje? Kiti cha baba yako kiko chumba gani? Ananisema? Na wewe unajibu kwa ufupi, macho kwenye vidole vya miguu. Alipika majani ya maboga kwa karanga. Khanga sikusoma, mama. Hajasema kitu, mama. Siku moja uliingia ukanisalimia "Kamwene!" ya Kihehe, kwa furaha, umefundishwa. Nikakwambia hapa kwetu ni shikamoo. Ile furaha ilivyokutoka usoni nimeiona mpaka leo, na bado sikuirudisha kauli.

Na liko jingine. Bi Mdogo Mungu hakumjalia mtoto. Nililijua, na nililitumia. Nilisema mbele yako, kwa sauti, huku nachambua mboga, "Uchungu wa mwana aujuaye mzazi," nikitaraji utalibeba likamfikie. Ulikuwa na miaka kumi na miwili. Nilikufanya tarishi wa sumu. Sijawahi kukuuliza kama uliifikisha. Usinijibu hata leo.

Baba yako akafariki. Akafia Iringa, kwenye wiki ya Bi Mdogo, imebaki siku moja tu aje kwangu. Watu walikuwa wanalia msiba. Mimi nalia msiba na nalia hesabu. Hata kufa, jamani, kafia kwenye zamu yake! Nilikwenda kule na wewe, nikamkuta Bi Mdogo kakaa kwenye mkeka, mdogo, kakauka, kajifunga khanga kichwani. Akaninyooshea mkono. "Kamwene, dada. Alikuwa ameshafunga mzigo wa kuja kwako."

Nikaurudisha wangu nyuma. Alinipa kitu kikubwa kuliko vyote alivyokuwa navyo siku ile, na mimi nikakipokea kama tusi, kwamba ananihurumia.

Tukakaa eda, kila mtu kwake. Nikajisemea, haya, zamu imekufa na mwenyewe, sasa tumemalizana. Kumbe wapi. Likizo ilipofika ukasema unakwenda Iringa. Nikauliza kufanya nini, baba hayupo. Ukasema, "Kumsalimia ma'mdogo." Kila likizo. Hukupelekwa na mtu, hukulazimishwa na mtu. Hapo ndipo nilipoujua wivu wenyewe. Ule wa mume ulikuwa mazoezi.

Majina ya chuo yalipotoka ukapangiwa Iringa, nikasema alhamdulillah, hosteli zipo. Ukasema utakaa kwa ma'mdogo. Unakumbuka tulivyosemezana pale jikoni?

"Huyo mwanamke alinichukulia mume," nikasema, "sasa ananichukulia na mtoto."

"Hajanichukua, mama. Nakwenda kwa miguu yangu."

"Baba yako naye alikwenda kwa miguu yake. Chenga ni Chenga tu. Kumbe umerithi."

Ukaweka kikombe chini taratibu. "Kwani mama, nani alikwambia Chenga ni baba?"

Nilidhani ni yeye. Miaka yote hiyo.

"Baba alikuwa mzima," ukasema. "Baba alikula huku akashiba, akala kule akashiba, akalala. Chenga ni mimi. Mimi ndiye niliyekuwa nikirudi naulizwa wamepika nini, wamevaa nini."

Nikasema, maana ulimi wangu hauna breki, "Na kule je, hukuulizwa?"

"Hapana, mama. Kule sikuulizwa. Niliulizwa huku tu."

Tukamaliza hapo. Tukapakua wali, tukala, ukaosha vyombo. Kuanzia siku ile nimekuwa mama mzuri sana, umeona mwenyewe. Nimekununulia blanketi, nimekusindikiza kupiga picha za paspoti, nimekusonga nywele. Usidanganyike, wivu ulikuwepo wote, nimeukalia tu.

Sasa shuka.

Leo baada ya adhuhuri ulitoka kwenda kuaga, nikafungua begi nipange upya, maana unapanga kama mtu anayekimbia polisi. Nikalikuta. Shuka jeupe, limedariziwa. Nikalikunjua kitandani kwako. Zamu yote iko pale, ile uliyonichorea kwenye ungo wangu. Punje zile, kila nyota imeshonwa kama punje ya mpunga iliyosimama, uzi wa manjano, sindano inakwenda mbele inarudi nyuma, huoni pa kuanzia. Milango miwili. Mitungi miwili. Chenga katikati kwa mshono mwepesi, ukilitikisa shuka inakaribia kutembea. Nilijua ni mkono wa nani. Nani mwingine?

Ulimsimulia. Hilo ndilo lililonichoma kwanza. Zamu ilikuwa yangu na wewe, ilikuwa ndani ya ungo wangu, kumbe umeibeba ukaipeleka kule.

Nikaanza kutafuta kosa. Wallahi nilitafuta kama polisi. Nikasema lazima Macheo ameipamba kuliko Machweo, mtu hawezi kushona nyumba yake na ya mke mwenza akalingana. Nikapima kwa shibiri. Sawasawa. Nikahesabu mishono ya Jiko la kwake na Jiko la kwangu. Sawasawa. Uzi uleule, urefu uleule. Hakujipendelea hata kwa tundu moja la sindano. Nilitaka anipunje, Zuhura! Angenipunja kidogo tu, ningelikunja lile shuka nikalirudisha begini nikiwa na amani, nimepata la kusema. Hakunipa hata hilo.

Nikachukua wembe.

Mimi si fundi, lakini najua mafundo huwa nyuma. Nikaligeuza shuka, ili upande wa mbele usichafuke na mtu asijue mapema. Nikaitafuta Macheo, iko kuliani, nyumba ya jua linakotoka, nikaliona Jiko lake, kubwa, katikati. Nikakata fundo. Nikavuta uzi mmoja mmoja, taratibu. Nikafumua Jiko lote mpaka likabaki tundutundu. Nikajiambia, haya sasa, ukifika kwake ukalitandika ataona. Atajua kuna mtu Mbeya.

Nikaligeuza tena nijionee.

Jiko la Macheo linawaka.

Lililotoka ni la Machweo.

Nilikuwa upande wa nyuma, mwanangu, na nyuma kulia ni kushoto. Mtoto wa chekechea anajua. Nimekaa na wembe mkononi nimejizimia jiko kwa vidole vyangu mwenyewe, na hasira zangu zote, na hesabu zangu zote. Mchimba kisima huingia mwenyewe, walisema wahenga, lakini hawakusema ataingia na wembe. Nikacheka peke yangu, kicheko kibaya. Halafu nikakumbuka ile hesabu yako ya mkaa kwenye sakafu, Jiko la nyumba moja likizima Chenga inakwenda wapi, nikaacha kucheka.

Nikatafuta sindano nilirudishe. Nimejaribu, utaona. Nilichokishona pale kinafanana na kunguni aliyepondwa. Nimekifumua, nimekishona tena, kimekuwa kunguni wawili. Uzi wenyewe nimeukusanya nimeufunga kwenye karatasi, uko ndani ya shuka. Haujapungua.

Ningeweza kunyamaza. Ungefika kule, ukakunjua, mkashangaa wawili, pengine mngesema panya. Mimi nimeishi na vitu visivyosemwa katika nyumba hii, nimelala na Mbarali isiyokuwa Mbarali, na najua vinavyomfanya mtu. Ukiona mtu anauliza sana kule wamepika nini, ujue liko swali jingine anashindwa kuuliza. Langu lilikuwa hili: mimi nikiwa mbali na macho yake, nipo? Nilitakiwa kumuuliza baba yako. Nilikuuliza wewe, kwa majani ya maboga.

Sitakwambia wivu ni mbaya, nitakuwa mnafiki. Utapenda mtu kule chuoni, na siku moja utaona anacheka na mwingine, na hapo utanikumbuka. Ukifika hapo usiigize uungwana. Sema tu, "Nina wivu." Kitu hicho kikitoka mdomoni kinakuwa kidogo, unaweza hata kukicheka. Mimi nilikimeza, nikakaa nacho, kikaja kutoka leo kimeshika wembe.

Na usije ukafikiri nimeshampenda Bi Mdogo kwa sababu nimeandika haya. Sijampenda. Nikimfikiria anakuamsha asubuhi na uji, moto unaniwaka. Atakuona ukihitimu kabla yangu, maana yuko karibu na lango la chuo. Ataujua ugonjwa wako, atamjua mwanaume wako, atazijua sura mpya za Mbalali kabla hazijafika kwenye simu. Roho inaniuma kwa kila moja ya hayo, na wala sioni aibu.

Ila nina la kukutuma. Safari hii si sumu.

Ukifika, usilifiche shuka. Mpe mkononi. Mwambie lilivyoharibika na nani aliyeliharibu, usinipambe. Mwambie Bi Mkubwa hawezi kudarizi, na anaomba amshonee Jiko lake. Tumia neno hilo, anaomba, kwa sababu sijawahi kumwomba kitu tangu nimjue. Na umsalimie. Mwambie "Kamwene" kutoka kwangu. Kama atacheka nilivyolitamka, mwambie ulimi wangu nao umezeeka.

Halafu wewe.

Niliapa, siku zile za masufuria, kwamba katika maisha yangu sitaomba tena zamu ya mtu. Zamu ni nusu, na mimi nusu sikuitaka. Nilitaka chote au nisipewe. Kwa baba yako nilipewa nusu nikaikalia kimya nimenuna, mpaka ikaisha sijaila. Leo naomba. Naomba zamu, Zuhura. Likizo moja kwake, moja kwangu, na usinipunje hata nusu siku. Ukija, njoo na shuka, nilitandike kitandani kwako nione kama Jiko limewaka.

Nakusikia unaagana na Mama Tumaini pale ukutani, anakwambia "ndaga", asante ya kwao, na bado anakushikilia. Barua hii naitia ndani ya shuka, juu ya ule uzi, na begi nalifunga mwenyewe.

Kesho ukitoka sitakomea mlango. Nitaurudishia tu.

Mama yako,
wa Machweo